Bitutu, Mlinzi wa Mitetemo

Nyuma ya soko la Ikonge kuna kilima ambacho chai imekifunika chote, isipokuwa mahali pamoja ambapo mwamba umechomoza kama goti la mtu aliyelala chali. Mwamba huo uko katika shamba la Tryphosa Bitutu. Kwa miaka mingi haukuwa na kazi yoyote ila kuanikiwa mahindi, na kukaliwa na mjane huyo anapopumzisha mgongo baada ya kuchuma.

Mtu wa kwanza kuusifu mwamba ule alikuwa Daktari Marion, mwanamke kijana mzaliwa wa Sironga aliyekuwa akifundisha chuo kikuu huko Nairobi. Alikuwa amezunguka siku tatu na dereva wake akitafuta mahali patulivu. Uwanja wa shule ulimshinda kwa sababu ya watoto. Uwanja wa kanisa ulizungukwa na mikaratusi, na mkaratusi, alieleza, ukitikiswa na upepo hutikisa mizizi, na mizizi hutikisa ardhi. Kiwanda cha chai kilinguruma mchana kutwa. Alipofika kwa Bitutu alilala kifudifudi juu ya mwamba, akaubandika sikio, kisha akainuka akipangusa vumbi na kusema kwa Ekegusii cha nyumbani kwao kwamba tangu aanze kazi hajaona jiwe zuri namna ile.

Bitutu alimtazama kama unavyomtazama mgeni ambaye hujajua bado kama ni mzima. Alikuwa na miaka hamsini na sita, mwembamba, mwenye vidole vyeusi vya utomvu wa chai ambao hata sabuni ya Sabato haiutoi. Hakuwa mwepesi wa kucheka wala wa kukataa. Alimkaribisha mgeni chai na ndizi za kuchemsha, akamwacha aeleze shida yake.

Shida yenyewe ilikuwa hii. Marion na wenzake walitaka kujua ardhi ya upande huu inavyojongea huko chini, ambako miamba ina nyufa za kale. Walihitaji kuweka chombo cha kupimia mitetemo, kikae mwaka mmoja au miwili, na mtu wa kukiangalia: kufuta vumbi kwenye paneli ya sola, kuzuia ng'ombe wasiukwaruze uzio, na kupiga simu taa ya kijani ikizimika. Bitutu aliuliza maswali mawili tu. Je, kinatoa moshi? Hakitoi. Je, siku ya Sabato kitamlazimu kazi? Hakitamlazimu. Basi akakubali.

Walichimba shimo kando ya mwamba, wakalijengea zege, wakashusha ndani yake chombo cha chuma kisichozidi sufuria ya kupikia wageni kwa ukubwa. Kutoka humo waya ulipita ardhini hadi kwenye sanduku la betri, na juu ya nguzo ya chuma wakafunga paneli. Wakafunika shimo kwa kifuniko kizito, wakapiga kufuli, wakaondoka.

Chombo hakikuwa kimemaliza mwezi kijiji kilipoanza kunong'ona.

Aliyeanza alikuwa Nyamongo, jirani wa ng'ambo ya kijito, mzee wa miaka sitini na tano aliyekuwa mlinzi Nairobi nusu ya maisha yake. Juma lile redio ilikuwa imetangaza shambulio la magaidi huko kaskazini mashariki, na habari ilikuwa bado mbichi midomoni mwa watu. Nyamongo alipita njia ya chini akaona waya, betri, chuma kilichofukiwa na taa ndogo ya kijani inayopepesa. Hakuuliza mtu. Alirudi nyumbani akamwambia mkewe, Orpah, akusanye wajukuu wasiende upande ule tena. Kufikia jioni soko zima lilijua kwamba kwa Bitutu kumezikwa bomu.

Tusimcheke Nyamongo. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na nyoka aliyemuuma yeye tulimjua. Ijumaa ile ya Agosti mwaka wa tisini na nane, lori lililojaa baruti lilipolipuka nyuma ya ubalozi wa Marekani katikati ya Nairobi, Nyamongo alikuwa zamu kwenye duka moja mitaa minne kutoka pale. Na mume wa Bitutu, Zachariah Onsongo, alikuwa karani katika ofisi jirani na ubalozi, kwenye ghorofa ya tatu. Walikuwa wamepanga kukutana adhuhuri ili wasafiri pamoja kuja nyumbani kabla ya Sabato kuingia. Nyamongo ndiye aliyemtafuta Zachariah siku mbili, hospitali baada ya hospitali, mwisho chumba cha maiti, akamtambua kwa kiatu kilichotiwa kiraka na fundi wa Ikonge. Ndiye aliyemleta nyumbani ndani ya sanduku. Alisema mbele ya ukoo kwamba amempata, akafunga mdomo. Tangu hapo hakuwahi kumwambia Bitutu neno zaidi juu ya siku ile, naye Bitutu hakuwahi kumwuliza.

Kwa hiyo Jumapili asubuhi watu walipokusanyika shambani na majembe na mapanga, wengine wakisema kifukuliwe, wengine wakisema kisiguswe kisije kikalipuka, Bitutu hakuona mbele yake wajinga. Aliona woga, na woga ule aliufahamu. Alipita katikati yao na aproni yake ya kuchumia, akakaa juu ya kifuniko.

Aliwaambia kwa sauti ya kawaida kwamba kama chini yake kuna bomu, basi litaanza na yeye, na walio na watoto wadogo washuke barabarani. Hakuna aliyeshuka, wala aliyesogea karibu. Ilikuwa aibu kumwondoa kwa nguvu mjane wa Zachariah kutoka juu ya kitu, na ilikuwa hatari kumwacha. Wakasimama hivyo hadi chifu alipofika na maafisa wawili wa polisi. Maafisa waliisoma karatasi ya chuo kikuu iliyokuwa imebandikwa ndani ya kifuniko cha betri, wakampigia Marion simu. Akaahidi kuwa pale kesho yake kabla ya saa nne. Watu wakatawanyika wakisema kesho si mbali.

Marion alifika, macho mekundu kwa safari. Hakutoa hotuba. Alifungua kufuli mbele ya wote, akaunganisha waya kwenye kompyuta yake, akaiweka juu ya mwamba. Kwenye kioo kulikuwa na mstari mweupe uliokuwa ukitembea polepole kuelekea kushoto, mwembamba kama uzi. Akamwomba Nyamongo asimame hatua kumi kutoka shimoni, kisha aruke.

Nyamongo alisita. Mzee mwenye wajukuu saba haruki hadharani. Lakini watu wote walikuwa wakimtazama, na yeye ndiye aliyekuwa ameanza mambo, basi akashika kofia yake kwa mkono mmoja akaruka. Kwenye kioo uzi uliruka pamoja naye. Ulipanda, ukashuka, ukatetemeka kidogo, ukatulia.

"Huyo ni wewe, baba," Marion akasema. "Ardhi imekusikia."

Nyamongo alikitazama kile kilima kidogo kilichochorwa na miguu yake hadi kilipoishia pembeni mwa kioo. Akauliza kama kimepotea. Marion akamwambia hapana, kimehifadhiwa, na miaka hamsini ijayo mtu akitaka kujua nani aliruka Ikonge siku ile saa nne kasorobo, atakikuta. Baada ya hapo kila mtu alitaka kuruka. Waliruka wanawake wa kwaya, wakaruka wenye mapanga wakiwa wameyaweka chini, na bibi mmoja asiyeweza kuruka akagonga ardhi kwa mkongojo, mstari ukamjibu. Maafisa wa polisi waliruka mwisho, pamoja, na kilima chao kikawa kirefu kuliko vyote.

Hivyo ndivyo Bitutu alivyoanza kukipenda chombo ambacho mwanzoni alikikubali kwa adabu tu.

Marion alirudi kila baada ya miezi mitatu kuchukua kumbukumbu, na kila aliporudi alikaa na Bitutu juu ya mwamba akamwonyesha yaliyopita. Hapa ni lori la chai likipanda kwenye kituo cha kupimia majani. Hapa ni radi ya tarehe fulani. Hapa ni mtetemeko mdogo kutoka upande wa Bonde la Ufa, ambao hakuna binadamu aliyeuhisi. Bitutu alijifunza kuusoma mstari. Aliweza kutambua hatua zake mwenyewe za kila asubuhi akija kufuta paneli: vijino vidogo vilivyokua alipokaribia na kufifia alipoondoka.

Februari ya mwaka elfu mbili na ishirini na tatu, Uturuki ikatetemeka. Maelfu kwa maelfu walizikwa ndani ya nyumba zao, redio ikatangaza juma zima. Marion alipofika alifungua kumbukumbu ya siku ile, na Bitutu akaona mstari ukilipuka kuwa msitu. Ulijaza kioo, ukatoka nje ya kioo, ukaendelea saa nzima.

"Hii ni hapa?" aliuliza.

"Ni hapa hapa, Mama. Ilichukua dakika saba kutoka Uturuki kufika kwenye mwamba huu. Mawimbi makubwa yalipofuata, kilima chote kilipanda na kushuka, polepole sana, kwa kiasi kisichofika upana wa ukucha wako. Kilipanda na nyumba yako na kitanda chako na wewe ukiwa umelala."

Bitutu aliweka kiganja juu ya mwamba. Ulikuwa baridi, na ulikuwa umetulia kama jiwe lolote. Baadaye alimweleza binti yake Phanice, ambaye ni muuguzi Kisii mjini, kwamba siku ile alihisi kama mtu aliyekaa miaka yote nyumbani kwa mkwe bila kujua kwamba mkwe ana uhai na anapumua. Alisema Zaburi huwa zinasema mambo haya, milima kuruka kama kondoo waume, na yeye alidhani ni namna ya kuimba tu.

Hapo ndipo alipouliza ni nani mwingine anayesikiliza ardhi hivi, na kwa nini. Marion akamwambia kwamba wako wengi, duniani kote. Baadhi yao wanasikiliza mitetemeko. Wengine wanasikiliza mabomu. Mataifa yalikubaliana kupiga marufuku majaribio ya mabomu ya nyuklia, na kwa kuwa mataifa hayaaminiani, yakatega vyombo kama hivi katika visiwa, majangwa, barafu, na hapa Kenya pia kipo kimoja. Mtu akijaribu bomu lake chini ya mlima kwa siri, mlima humfichua.

Bitutu alitaka kujua mlima unatofautishaje. Bomu ni mtikisiko, na mtetemeko ni mtikisiko.

Marion alikutanisha viganja viwili, akavisugua, kimoja kikienda mbele na kingine nyuma. Hivi, alisema, ndivyo ardhi inavyojikwaruza yenyewe. Walio upande huu husukumwa, walio upande ule huvutwa. Kisha akakunja ngumi, akaifungua ghafla, vidole vyote vikaenda nje. Bomu ni hivi. Halimvuti mtu. Popote utakaposimama, kaskazini au kusini, karibu au mbali, jambo la kwanza utakalolihisi ni kusukumwa.

Bitutu aliutazama mkono ule uliofunguliwa muda mrefu kuliko Marion alivyotarajia. Akauliza, kwa sauti ile ile ya kuuliza habari za ng'ombe, kama bomu la kwenye lori nalo linaandikwa. Bomu la mjini.

Marion hakuwa akijua. Alikuwa mtoto mdogo mwaka wa tisini na nane, na hakuna aliyekuwa amemweleza mume wa mwenyeji wake alikufaje. Basi alijibu kama mwalimu, kwa furaha ya mwalimu aliyeulizwa swali zuri. Ndiyo, alisema, linaandikwa likiwa karibu. Siku ya mlipuko wa ubalozi kulikuwa na chombo kinachofanya kazi chuo kikuu, kilomita tatu hivi kutoka pale, na wataalamu walikitumia baadaye kupima ukubwa wa bomu na kujua lililipuka wakati gani, karibu hadi sekunde. Yeye mwenyewe huwafundisha wanafunzi wake kwa mstari ule.

Ndipo akauona uso wa Bitutu.

"Baba Phanice alikuwa pale," Bitutu akasema.

Marion alifunga kompyuta. Alianza kuomba radhi, na Bitutu akamzuia kwa kumgusa goti. Hakuwa ameumizwa, alisema. Alikuwa akishangaa. Kwa miaka ishirini na mitano alikuwa ameambiwa jambo lile na watu: na redio, na simu ya duka la Ikonge, na Nyamongo aliyesimama mlangoni na kofia mkononi, na wahubiri, na vitabu vya serikali. Kila mmoja alilileta likiwa limeshikwa na mikono yake. Hakuwahi kudhani kwamba kuna kitu kilichokuwepo, kisicho na upande, kikaandika tu.

"Ukija tena," alisema, "niletee mstari huo niuone."

Marion alimwuliza kama ana hakika. Bitutu akasema mtu hawezi kuwa na hakika ya kitu ambacho hajakiona.

Aliporudi, miezi mitatu baadaye, Marion alikuwa na karatasi mbili ndani ya bahasha. Phanice alikuwa amekuja kutoka Kisii makusudi, akakaa kando ya mama yake juu ya mwamba. Asubuhi ilikuwa wazi, chai ikimetameta kwa umande uliochelewa kukauka.

Karatasi ya kwanza ilikuwa na mstari mmoja. Kushoto ulikuwa mtulivu, na vitetemo vidogo vidogo ambavyo Bitutu alivijua bila kuambiwa: magari, miguu, mji ukifanya kazi zake asubuhi ya Ijumaa. Kisha ukasimama wima. Marion akaonyesha kwa ncha ya kalamu, bila kugusa karatasi. Hapa, karibu saa nne na dakika thelathini na tisa, ndipo lilipofika kupitia ardhini. Na hapa, sekunde chache baadaye, ndio mngurumo wenyewe, uliokuja polepole zaidi kupitia hewani. Baada ya hapo mstari uliyumba, ukapungua, ukarudi kuwa mji.

Phanice alilia. Bitutu hakulia. Alirudisha kidole kwenye ile sehemu tulivu, kabla ya mstari kusimama, akakitembeza juu yake polepole kutoka mwanzo wake.

"Hapa alikuwa hai," alisema.

Marion akasema ndiyo.

"Na hapa. Na hapa bado."

Aliendelea hadi kidole kilipofika ukingoni, akakiondoa. Halafu akauliza jambo lililokuwa limemkaa moyoni tangu ujane wake. Saa ile yeye alikuwa mle mle shambani, mstari wa saba kutoka kijito, akichuma kwa haraka ili kituo kisifungwe kabla ya Sabato. Alikuwa akiimba. Hakuna kilichomshtua, wala ndege hakuruka. Kwa miaka yote alikuwa akijiuliza mtu anawezaje kuondokewa na mwenzake naye yuko katikati ya ubeti.

Marion hakutaka kumpa faraja ya uongo. Alisema kwamba kutoka Nairobi hadi hapa ni mbali, na bomu lile, japo liliua watu zaidi ya mia mbili, kwa ardhi lilikuwa dogo. Mawimbi yake yalipofika Ikonge yalikuwa yamenyauka kuliko hatua ya siafu. Hata kama chombo hiki kingekuwepo siku ile, kisingeyatofautisha na upepo.

"Lakini yalipita, Mama. Hayakukosa kupita. Yalichukua muda usiofika dakika moja. Kama ulikuwa umesimama hapa, yalipita chini ya miguu yako."

Bitutu alitazama chini, kwenye mabuti yake ya mpira na udongo mwekundu uliogandamana pembeni. Alikaa hivyo. Phanice alitaka kusema kitu, Marion akamtikisia kichwa. Ndege wa mtoni walisikika, na kwa mbali lori la chai likibadilisha gia.

"Mimi nilidhani hakuniaga," Bitutu akasema mwishowe.

Karatasi ya pili ilikuwa ya jaribio la nyuklia lililofanywa Korea Kaskazini mwaka wa elfu mbili na kumi na saba, chini ya mlima, likasikika hadi Kenya. Bitutu ndiye aliyeitaka, kwa simu. Alisema ameishi na bomu moja maisha yake yote na anasikia kila siku kwamba yapo makubwa zaidi, na watu wanaoyatamka kwenye redio huyatamka kama bei ya mbolea. Alitaka kujua makubwa ni makubwa kiasi gani.

Mstari wake haukuwa wa kutisha kuutazama. Ulikuwa umesafiri nusu ya dunia. Marion akaeleza kwamba jambo la kushangaza ni hilo lenyewe, kwamba ulifika. Kisha akatafuta mfano. Alimwambia Bitutu achukulie lile bomu la lori kuwa kikapu kimoja cha chai. Hili la mlimani lingekuwa zaidi ya vikapu elfu kumi.

Bitutu alianza kuhesabu. Aliolewa mwaka wa themanini na saba. Kikapu kimoja kwa siku, ukitoa Sabato, ukitoa siku za kujifungua na siku za matanga. Akahesabu kwa midomo bila sauti, akizunguka kilima chake kwa macho, mstari baada ya mstari, kila kichaka alichokivuna kikaota tena akakivuna tena.

"Ni chai yote niliyochuma tangu niingie boma hili," alisema. "Na kikapu kimoja tu ndicho kilichomchukua Zachariah na wale mia mbili."

Marion, aliyekuwa akifundisha hesabu zile mwaka baada ya mwaka, alikiri baadaye kwamba siku ile ndipo alipozielewa. Alitazama kilima cha chai na kwa mara ya kwanza aliona ukubwa wa kile anachokisikiliza.

"Na wako watu wamevihifadhi vikapu hivyo," Bitutu akasema.

"Wako."

"Wamevihifadhi na wanalala."

Aliomba abaki na karatasi ile ya kwanza. Ya pili aliirudisha.

Siku tatu aliiweka ndani ya Biblia. Siku ya nne, Ijumaa, alimaliza kuchuma mapema, akaosha miguu, akavuka kijito kwenda kwa Nyamongo. Hakuwa amekwenda pale kwa shauri lolote zito tangu mazishi. Nyamongo alikuwa kivulini akitengeneza mpini wa jembe. Orpah alileta viti, akaona nyuso zao, akakumbuka ana kazi jikoni.

Bitutu alifungua karatasi juu ya magoti ya mzee, akamweleza kama alivyoelezwa: mji ukitembea, ardhi, hewa. Nyamongo hakuwa na miwani, akainama hadi pua ikakaribia mstari. Alipofika pale uliposimama wima alitoa pumzi kama mtu aliyetua mzigo ambao hakujua kuwa bado anao.

"Ndivyo ilivyokuwa, Mama Phanice," alisema. "Kwanza miguu, halafu masikio. Nimewaambia watu hivyo wakasema nimechanganyikiwa. Miguu ilijua kabla."

"Niambie, Baba Thadeus," Bitutu akasema, akimwita kwa jina la mwanawe wa kwanza. "Sasa naweza kusikia."

Naye akamwambia. Alisimulia bila haraka, huku mpini wa jembe ukiwa umelala chini. Alisimulia vioo vilivyonyesha kama mvua ya mawe, na vumbi lililoifanya saa tano asubuhi kuwa kama magharibi. Alisimulia chumba cha maiti kwa maneno machache, na Bitutu akaitikia kila neno kwa kichwa. Lakini kilichomrefushia hadithi, kilichomfanya asimame katikati na kutafuta sauti, hakikuwa hicho. Kilikuwa watu. Alisema aliona mawe yakitolewa kwa mikono mitupu na watu ambao hawakuwa na ndugu ndani. Aliona mzee wa kanzu na kijana wa kuuza magazeti wakiinua nguzo moja, hawajuani, wakihesabu moja, mbili, tatu kwa pamoja. Aliona mama mmoja Mhindi akichana majora ya vitambaa ya duka lake kuwa bendeji, jora baada ya jora, bila kuuliza nani atalipa. Na pale hospitali, alipokwenda kumtafuta Zachariah, alikuta foleni ndefu iliyozunguka jengo, akadhani ni ya wanaotafuta maiti kama yeye. Akasimama ndani yake karibu saa nzima. Alipofika mbele akaambiwa akunje mkono wa shati. Ilikuwa foleni ya kutoa damu.

"Sikutoka," alisema. "Nilikuwa nimeshafika. Wakanitoa chupa nzima, wakanipa soda, nikaendelea kumtafuta."

Bitutu alikuwa ameishika ile karatasi kwa mikono miwili. Kwa miaka yote hiyo mtu huyu alikuwa ng'ambo ya kijito, akimsalimia kila asubuhi, na mambo haya yote yakiwa ndani yake. Akamwuliza damu ile ilikwenda kwa nani.

Nyamongo hakujua. Hawakuandika jina. Labda yuko mtu huko anatembea nayo, alisema, ana watoto, amezeeka.

Orpah aliita kutoka jikoni kwamba jua linakwenda na Sabato inaingia, uji uko tayari. Nyamongo alimsikia, lakini hakuinuka, na Bitutu naye akavuta kiti karibu zaidi.